Shangazi, Fundi na Ile Ndege Inayopaa

Leo Ijumaa, tarehe 30, Shangazi anastaafu baada ya kukitumikia kitengo chetu cha filamu za historia kwa miaka thelathini na mmoja. Jina hilo alilipata kwa kutugombeza sote, mkurugenzi akiwemo, kisha kutugawia karanga zake.

Kazi yake ilikuwa kuwahoji watu wa ndege: marubani, mafundi, wahudumu na ndugu wa waliopotea angani. Alijua kumfungua mtu mdomo. Rubani mmoja mstaafu aligoma kuhojiwa bila koti la sare yake ya zamani, na tumbo lilikuwa limeshalikataa. Shangazi akalichana mshono wa mgongoni, akamvalisha, akamwambia kamera haitazami nyuma. Mzee aliongea mpaka betri ikaisha.

Wageni hawaijui siri ya filamu zetu. Maktabani tuna mkanda wa zamani wa ndege inayopaa. Kila tunapokata maneno ya mtu, tunabandika ndege hiyo kwenye pengo, muziki unapanda, na mtazamaji hashtuki.

Ndivyo alivyofanyiwa fundi mmoja wa ndege. Alimweleza Shangazi, huku analia, kwamba aliikataza ndege mbovu isiruke, mkubwa wake wa kazi akairuhusu, na mdogo wake fundi, wa tumbo moja, akafia humo. Shangazi alimwahidi kwamba watu watamsikia. Uongozi ukaona maneno yake yatawaudhi wakubwa. Ndege ikapaa.

Filamu hiyo hurudiwa kila mwaka siku ya kumbukumbu ya ajali, na kila mwaka fundi alipiga simu: "Shangazi, leo ndo natoka?" Shangazi alikwenda kugonga mlango wa mkurugenzi, akarudi amenuna. Mwaka jana simu haikulia. Fundi alikuwa ameshazikwa. Inauma, na siwezi kuipaka sukari eti kwa sababu leo kuna keki.

Baada ya chai tutaonyeshwa filamu fupi ya kumuaga. Alipohojiwa wiki iliyopita, Shangazi alisimulia habari za fundi mwanzo mpaka mwisho. Jana niliiona ikiwa imeshahaririwa. Anatabasamu, anasema, "Nawashukuruni nyote," halafu ndege inapaa. Inapaa muda mrefu sana.

Ahsante kwa kutufundisha kusikiliza, Shangazi. Upumzike vizuri, karibu na watu watakaokuacha umalize unachosema.