Mechi Moja Tu

Ndani ya basi, mshonaji mwenye futi shingoni, aliyeketi mbele yangu, alimgeukia fundi bomba asiyemjua, aliyezama kwenye mchezo wa vita simuni. "Kaka, mechi moja huchukua muda gani?"

"Tunaingia watu mia. Dakika ishirini na tano, ukibaki hai. Ukifa mapema, hata tano hazifiki."

"Basi mume wangu hafi. Jana mama yangu, na mguu wake uliovunjika, alimsubiri aje kumchukua, juani nje ya hospitali, mpaka akaanguka."

"Mechi haisimamishwi, dada. Ukitoka, unawaangusha wenzako."

"Wenzake gani? Anawajua hata sura?"

Fundi aliinamisha kichwa. Nilidhani ameona haya, kumbe alikuwa analenga shabaha.

Basi lilisimama. Mshonaji akainuka kushuka. "Huyo mume wangu alipofika, neno lake la kwanza lilikuwa kwamba ameshinda."

Fundi akainua macho. "Kati ya watu mia?"