Kipande Kisichochekesha cha Mzee Keshokutwa

Ndugu Mgeni Rasmi, viongozi wetu, wazee wetu, shikamooni.

Sisi wana Kikundi cha Picha za Kivuli, Mlalo, tunakukaribisha milimani. Pole kwa kona za kutoka Mombo. Wengi huzimaliza wamefumba macho. Tunajua umekuja kumchukua mwandishi wetu, Yudith, akaandike vichekesho vya picha za kuchora katika televisheni ya Visiwani. Tunafurahi. Ila kabla hujamchukua, tusikilize.

HISTORIA

Yudith alianza kama mwalimu wa kujitolea wa elimu ya watu wazima. Wanafunzi walitoka shambani wakaja kusinzia mbele ya herufi. Siku moja, kwa hasira, alichora ubaoni mzee mvivu na kumtungia maneno: "Jembe langu limechoka, mimi nalipumzisha tu." Darasa likaamka, naye akaijua kazi yake. Tulimkata mzee huyo kwa karatasi ngumu, tukamfunga viungo kwa waya, tukamchezesha nyuma ya shuka yenye taa. Akaitwa Mzee Keshokutwa. Aliyempa sauti ni Bartholomeo, mchuma chai kutoka Songea, mtu ambaye hata salamu yake ilichekesha.

MAFANIKIO

Kutoka hapa hadi Mnazi watu wamejifunza kusoma huku mbavu zikiwauma. Hata wavivu wetu walicheka, kila mmoja akidhani anasemwa jirani.

MATATIZO

Hapa, Ndugu Mgeni Rasmi, utuvumilie. Wakati wa masika Bartholomeo alifariki kwa homa. Ndugu zake walikuwa bado njiani na matanga hayajaanuliwa, nasi tukaonyesha mchezo kwa kuwa siku ya wageni ilikwisha pangwa. Tulikosea sana. Yudith alikaa nyuma ya shuka ili asome mwenyewe maneno ya Keshokutwa. Alipofungua kinywa, sauti ya Bartholomeo ikamtangulia. Watu wakacheka. Kisha mmoja mmoja wakanyamaza, akabaki mjane wake, Filomena, anacheka peke yake huku machozi yanamtiririka.

Tangu hapo sauti haijakosa mchezo. Mchungaji na padri wamekuja kuomba pamoja, jambo ambalo nalo halikuwahi kuonekana hapa. Filomena hukaa mbele na kuuliza, "Baba Paskalina, uko wapi?" Naye hujibu mzaha, kwani hana neno ila lile aliloandikiwa na Yudith. Yudith amekonda. Mara moja alijaribu kuleta mchezo usiompa Keshokutwa neno hata moja. Tulisikia mtu akipumua nyuma ya shuka, mwanzo hadi mwisho.

Juzi Filomena alimfuata Yudith jikoni kwake.

"Dada Yudith, umemwandikia mengi ya kuchekesha. Sasa mwandikie aniage."

"Mama Paskalina, mimi ya kuliza watu siyajui."

"Andika hivyo hivyo usivyojua."

MAOMBI

Ameandika. Ni maneno machache. Lakini ofisi yako ya utamaduni iliagiza kila mchezo wetu uchekeshe, uwe na fundisho la kilimo, tena upate kibali. Kipande hiki hakichekeshi wala hakina jembe. Tunaomba kibali chako leo, kabla Yudith hajapanda gari, maana akishaondoka hatuna mwingine wa kumpa Bartholomeo maneno, na tunaogopa kubaki naye.

Hatuombi bati wala redio. Madirisha ya ukumbi yamekwisha zibwa kwa magunia, taa inawaka, na Filomena amekaa mbele. Ukikubali, tuna ombi moja zaidi. Keshokutwa ataanza kwa kukohoa, na kikohozi chake kinachekesha mno, hata sisi tuliozoea hutushinda. Tafadhali sana, usicheke. Akisikia watu wanacheka, haondoki.

Mungu akubariki, akushushe salama hadi Mombo, na ampokee kila aliyechelewa kufika kwake.

Ni sisi, Kikundi cha Picha za Kivuli, Mlalo: tulio mbele ya shuka, na aliye nyuma yake.