Mashini Hapana na Tumbo

Ba mama ya kikundi, na banyi ba baba benye mulikuya kutusikiliza, wasingya, aksanti kwenu. Leo munanipatia kiti ya mbele, na miye nilizoea ya nyuma. Masomo yangu iliishia mwaka ya pili, siku baba alisema mwana-muke anatoshaka na jembe. Donc musikie vile ninasema, musihesabu makosa.

Munanijua. Miye njo ule mukaka, mama muzee wa chupa za esanse, mafuta ya pikipiki, pale Kalunguta, ku barabara ya Beni. Bwana yangu alikufa mapema, nikalisha batoto sita na ile meza. Chupa yangu ya kupimia ilikuwa na alama ya litre, bwana yangu mwenyewe aliichora na kisu. Batu ya pikipiki balizoea kusema: "Kwa mukaka, litre ni litre." Nilijivuna. Acha niseme kweli, nilijivuna kupita pasta.

Mwana yangu wa tatu njo alikuwa ananiletea esanse na pikipiki yetu kutoka stasyo moja ya Butembo, jina sitaitaja, mu bidoni ya njano ya litre makumi mbili. Alikuwa mutu muzima, na bibi na mutoto. Siku moja ninamwanga ile bidoni chupa kwa chupa: kumi na munane. Safari yenye ilifuata, kumi na munane. Juma nzima vile vile.

"Weye, litre mbili inaendaka wapi?"

"Mama, pompi iliandika makumi mbili. Niliona na macho yangu."

"Macho iliona, na kinywa ikakunywa?"

Alicheka. Alifikiri tunacheka wote.

Ndugu zangu, nawaambia, niliita baba zake badogo na bajomba mu kyaghanda, ile nyumba yetu ya bazee kukatia maneno. Nikaweka bidoni katikati yabo sawa vile shahidi. Mwana yangu akasimama, akasema: "Mama, baba zangu, twende ku stasyo siye wote. Tupime pale pale, mbele ya mwenye pompi."

Munasikia? Alilomba kitu kimoja tu. Na miye, mwenye hata namba sijue kuisoma muzuri, nikamujibu: "Mashini hapana na tumbo. Mutu njo iko na tumbo."

Bazee balicheka mpaka bengine bakakohoa. Baliitika kwamba ni mwizi.

Mwana yangu aliweka ufunguo ya pikipiki juu ya bidoni. Kesho yake akabeba bibi na mutoto, bakaenda Kirumba, akaanza kupakia makamyo. Maneno yake ya mwisho ku mulango: "Mama, siku utapima, uniite."

Sasa musikie penye nilianguka. Hapana pale. Pale nilikosea tu.

Kisha juma mbili nilienda mwenyewe Butembo. Nikakaa nyuma ya pikipiki, bidoni mu mapaja. Niliangalia namba zinapanda mpaka mutu wa pompi akasema: "Mama, makumi mbili." Sikuiachilia ile bidoni mpaka nyumbani. Nikamwanga. Kumi na munane.

Nilijua. Siku ile ile nilijua, na simu ilikuwa mu kitenge yangu. Lakini mama mwenye alichekesha bazee, apige magoti mbele ya mwana? Nikaambia majirani bidoni iko na tundu. Tena nikafanya mubaya zaidi: nikachora alama yangu chini ya ile ya bwana yangu, kusudi hasara iende kwa bengine. Mutu mumoja wa pikipiki akainua chupa: "Mukaka, litre yako imekonda hivi, ilishikwa na malaria?" Batu balicheka. Na miye nikacheka nabo.

Miezi ikapita. Siku moja niko ku ile stasyo, ba ajenti ya serikali ya vipimo bakafika. Balikuya na kopo kubwa ya chuma, shingo murefu, yenye haidanganyake. Bakasema pompi itoe makumi mbili. Namba ikafika. Kopo haikujaa. Na ile plombe, kifungo ya serikali yenye inakataza batu kugusa ndani ya mashini, ilikuwa imekatwa na kufungwa tena na waya.

Batu bakalalamika: "Wezi! Wezi!" Ajenti mumoja akasema sheria inalomba kila pompi ipimwe na ifungwe, na mwenye kununua iko na haki ya kulomba bapime mbele yake. Mbele yake! Njo ile mwana yangu alisema mu kyaghanda, na sheria hakuisoma.

Nikakaa juu ya bidoni, katikati ya batu. Ilikuwa saa sita ya muchana, magari ya Kirumba ingali inaita batu. Lakini ku meza yangu ilibaki chupa kumi ya kuuzisha. Nikasema: nitaenda kesho.

Nilipofika Kirumba, niliona viti inje ya nyumba ya mwana yangu, na batu ya matanga bamekaa. Jioni ya mbele kamyo iliteleza mu matope, gunia za viazi zikamufunika. Mujumbe mwenye balituma kwangu, tulipishana mu barabara.

Baba zake badogo balipofika, nilisimama kando ya sanduku. Nikasema: "Huyu hakuiba. Pompi njo iliiba. Na miye nilijua, nikanyamaza, nikaiba pia."

Muka-mwana yangu, bibi yake, akasema: "Mama, simu ikilia, alikuwa anasema, labda ni Mama, amepima." Kisha akasogea ku mukeka, akanipatia nafasi. "Ikaa."

Ndugu zangu, njo ile "ikaa" yenye iliniponya, kidogo kidogo, maana kuisha haijaisha. Miezi mingi sikuweka meza inje. Banyi ba mama mulikuya na unga, mukalima shamba yangu, hakuna mwenye aliniambia "nyamaza" nilipolia. Wasingya. Ule ajenti aliniletea chupa ya litre ya kweli na hakunihaibisha. Wasingya. Muka-mwana anaishi kwangu sasa, yeye njo anapima, miye ninafungua tu kifuniko. Ile chupa ya alama mbili sikuivunja. Iko ku meza. Mwenye anauliza, ninamueleza.

Mukinunua, mulombe kupima mbele yenu, musione haya. Hiyo ni ya esanse. Ya mutu ni hii: ukijua umemukosea, usingoje kumaliza chupa zenye zinabaki. Magari ya Kirumba inaondokaka kila siku. Miye niliondoka kesho yake.