Filamu ya Mama Anayeamia Ndege

Ndani ya treni ya kutoka Mlimba, mbele ya kiti changu, mzee mwenye kofia ya pama alikuwa akimhoji kama hakimu dada mmoja mwenye kamera. Dada huyo, Oliva, alikuwa anapeleka filamu yake Ifakara ikaonyeshwe ukumbini jioni ile, na alihofia kuzomewa.

"Nimemrekodi mama yangu akiamia ndege shambani wasile mpunga, baba. Msimu mzima."

"Jambazi ni nani?"

"Hakuna. Ni maisha yetu ya kila siku tu."

Mzee akacheka mpaka kofia ikahama. "Binti, watu watoke majumbani kwenda kutazama mpunga? Si huo hapo dirishani!"

Nilichungulia. Kweli ulikuwepo.

Oliva akamshikisha simu. Kwenye filamu, mama yake alikuwa amekaa juu ya dungu, kile kichanja cha kulindia shamba, anakunywa uji taratibu. Nyuma yake wingu la ndege, kweleakwelea, likaanza kushuka, naye hana habari.

"Mama, nyuma yako!" mzee akapayuka. "Swaa! Swaaa!" Akavua kofia, akawa anawafukuza ndege wa kwenye simu. Abiria tukajazana mabegani kwake, na mimi niliyekuwa nacheka nikajikuta napiga swaa kuliko wote. Mama akageuka, akagonga debe, ndege wakatimka. Tulishangilia kama timu imefunga goli.

"Bado hiyo si sinema," mzee akasema, anahema. "Haina jambazi."

"Na wale ndege, baba?"

Treni ikafunga breki Ifakara. Mzee akabeba mzigo wake. "Huo ukumbi uko upande gani? Nataka nione kama tulivuna."