Mama Chileshe na Maji Yasiyo na Mto

Tarehe 30 Aprili, mvua za mwisho zikiaga Lubumbashi, Mama Chileshe Kabwe anastaafu baada ya miaka thelathini na mmoja katika ofisi yetu ya mifereji na usafi. Anaondoka pamoja na mvua, na hilo halimshangazi yeyote kati yetu.

Alianza kazi mtaani Kampemba, akipatanisha wauzaji waliogombania mitaro ya soko. Baadaye akapewa maji ambayo hakuna ofisa aliyeyataka: yale yasiyo na mkondo wala kingo, yanayotoka mawinguni, yakatandaa juu ya majani na kutembea polepole kana kwamba hayajui yaendako. Yakishafika mtoni huwa ya mto, na wenzetu wengine huyashughulikia. Kabla ya hapo si ya mtu, na ndiyo maana kila mtu huyasukuma kwa jirani. Sheria inasema hivi: mwenye kiwanja cha chini ayapokee jinsi yanavyokuja, asiyazibie njia, wa juu naye asiyazidishe kwa mkono wake. Mama Chileshe aliieleza sheria hiyo kwa sauti ya taratibu, kama mtu anayesimulia ndoto aliyoiota asubuhi ile, na baadhi yetu tulisinzia. Utusamehe, Mama.

Hakukata shauri lolote wakati wa kiangazi. Alingoja mvua, akavua viatu, akawasimamisha wagomvi, kila mmoja uwanjani kwa mwenzake, kisha akanyunyiza pumba za mahindi juu ya maji. Pumba zilielea, zikazunguka, zikapita, na wote walizifuata kwa macho kuona maji yanakoelekea. Mara nyingi ugomvi uliishia hapo, watu wakiwa wamelowa chepechepe na kuona haya kidogo. Vital, mfanyabiashara wa jumla kutoka Butembo, alikuja kushtaki akiwa na suti na tai. Jioni alitoboa ukuta wa depo yake mwenyewe ya bidhaa, maji yapite. Mpaka leo akituona hucheka kabla hajatusalimu.

Lakini shauri tusilolisahau ni lake mwenyewe. Kwa miaka mingi alikuwa akitusimulia nyumba atakayoijenga mtaani Kasungami, yenye vyumba viwili: kimoja chake, kingine cha dada yake Mwansa, mjane aliyebaki peke yake huko Pweto. Tangu waolewe hawakuwahi kukaa mji mmoja. Aliisimulia mara nyingi hivi kwamba tuliijua hata rangi ya mapazia. Basi kiangazi cha mwaka jana haraka ya kustaafu ikampanda kichwani, akafanya lile alilotukataza sisi sote: alimwacha fundi achimbe na kujenga msingi kwenye ardhi kavu, kabla hajaona maji yanapopita.

Novemba mvua ikaja, naye akaenda na pumba zake. Maji yalishuka kutoka juu yakiwa mapana kama shuka lililotandikwa, yakagonga msingi ule mpya, yakapinda kuelekea kwa jirani yake Nono. Nyumba ya Nono ni ya matofali mabichi. Msimu mmoja wa namna ile ungetosha kuirudisha kuwa udongo. Nani angemshtaki Mama Chileshe wa ofisi ya mifereji? Nono mwenyewe alinyamaza kwa heshima. Mama Chileshe alivuka, akasimama uani kwa Nono mpaka mvua ilipokatika, kisha akamwita fundi.

"Papa, tubomoe hii fondation. Mayi iko inapita hapa."

Sehemu ya kiwanja iliyobaki ilitosha chumba kimoja tu. Alikuwa ameshampigia Mwansa simu kumwambia afunge mizigo. Tulimwona akilia mezani pake, mchana kweupe, na siku hiyo hakuna aliyefanya kazi ya maana. Tulimpenda sana siku hiyo.

Wiki iliyopita tulikwenda kuiona nyumba yenyewe. Ni ndogo, safi, na mbele yake kuna uwanja mpana wa majani usio na ukuta wowote. Tulikuta samaki wakavu wa Pweto wakichemka jikoni, tukadhani wameletwa na msafiri. Ndipo tukaelezwa. Nono alikuwa amesikia habari za chumba kilichokosekana, akaja kusimama mlangoni kwa Mama Chileshe.

"Mama, kwangu njo kwenu," alimwambia, yaani kwake ndiko kwao. "Mwansa atalala kwangu. Kama haungebomoa, leo singekuwa na nyumba ya kumukaribisha."

Kwa hiyo dada hao wawili sasa wanalala kila mmoja hatua chache kutoka kwa mwenzake, majani yakiwa katikati. Tulipokuwa tukiondoka, Mwansa alitokea upande wa pili akamwita mdogo wake kwa jina la utotoni ambalo sisi, kwa miaka yote ile, hatukuwahi kulisikia.

Mama Chileshe, asante kwa nyumba zote zinazosimama mjini humu kwa sababu ulikubali kulowa. Tunakutakia miaka mingi ya kuitwa hivyo, na kuitika.