Pingamizi la Ndoa Yangu Mwenyewe

Kabla sijaanza, naomba dada aliye karibu na dirisha ashushe pazia. Asante. Mnisamehe, mimi ni mwoga. Amani ya Bwana iwe nasi sote tunaokutana humu kwa siri.

Nimezaliwa kambi ya mkonge, huko Muheza. Ni Mlutheri wa kubatizwa utotoni, na tangu kipaimara naimba kwaya, sauti ya tatu. Na tangu umri ule ule navutiwa na wanaume wenzangu. Haya, nimelisema. Miaka yote nilimwomba Mungu aniondolee. Nilifunga. Nikaombewa tumbo, maana jambo lenyewe sikuthubutu kulitaja. Ndugu zangu, nawaambia, niliombewa tumbo mpaka waombaji wakachoka, na tumbo langu halikuwa na tatizo lolote.

Mwishowe nikajidanganya kwamba ndoa itaniponya. Nikamchumbia dada mmoja wa kwaya yetu, mtoto wa watu, mpole. Posa ikapokelewa, mama yangu akaanza kununua vitenge. Mnajua utaratibu: ndoa inatangazwa kanisani Jumapili tatu, mwenye pingamizi ajitokeze. Ya kwanza nilitoka jasho tu. Ya pili, majina yetu yaliposomwa, nikamtazama. Anatabasamu. Nikajua huyu namharibia maisha.

Jumamosi nikamfuata kwao nikamwambia yote. Alilia, akakasirika sana.

"Kwa hiyo ulitaka niwe dawa yako?"

Akasema, "Sitamwambia mtu. Ila kaivunje mwenyewe, usiniachie mimi hiyo kazi."

Nikaenda kwa mzee wa kanisa. Shikamoo, marahaba, nimekuja kuweka pingamizi.

"La ndoa ya nani?"

"Yangu."

Akavua miwani. "Kijana, bwana harusi hawekagi pingamizi."

Nikamwambia huyu anaweka.

Maneno yakaenea kwamba nimeipinga ndoa yangu mwenyewe, kila mtu akibuni sababu yake. Nikakimbilia Horohoro, nikawa nachoma chapati kwa ajili ya madereva wa malori pale mpakani. Mwaka mzima sikuingia kanisani. Nilitamani meza ya Bwana, lakini niliamini nikipiga magoti pale, nilivyo hivi, nitakula hukumu yangu mwenyewe.

Siku moja mchana mama akashuka kwenye basi. Akakaa, nikampa chai. "Nieleze mimi niliyekuzaa." Nikamweleza huku nimeshikilia meza.

"Sijakuelewa, mwanangu," akasema, "na naogopa. Lakini niliyempeleka kubatizwa ni wewe, siyo mwingine. Twende nyumbani."

Jumapili iliyofuata tulipiga magoti pamoja. Mchungaji alinipa mkate bila kujua lolote. Akijua itakuwaje, sijui, na wasiwasi huo ninao hadi leo. Lakini niliupokea, nikalia kama mtoto, na sikufa.

Namshukuru mama. Namshukuru yule dada, ambaye angeweza kunimaliza kwa neno moja na hakulisema. Nawashukuru na ninyi. Ninachowaachia ni hiki: usimwoe mtu ili upone, utaumiza wawili. Na Mungu msimfiche, anajua alichokiumba. Mimi siombi tena kubadilishwa. Naomba miguu ya kunifikisha kanisani kesho, maana kila Jumapili naogopa kwenda, na kila Jumapili naenda.