Mwalimu Simioni Nchagwa na Nyota Kimora, 1961–2025

Baba padre, mwenyekiti wa kijiji, walimu, wazee wetu shikamooni, poleni kwa safari na poleni kwa jua, karatasi hii ni ya maisha ya Mwalimu Simioni Nchagwa Kisyeri, na anayeisoma ni mdogo wake wa kumfuata, Marwa, ambaye wengi wenu mnajua alikuwa hajakanyaga ua huu kwa miaka kumi na sita, kwa hiyo msinong'onezane, marehemu mwenyewe ndiye aliyeagiza.

Mwalimu Simioni alizaliwa tarehe 14 Machi 1961 hapa Kemambo, wilaya ya Tarime, mtoto wa kwanza wa marehemu mzee Nchagwa Kisyeri na marehemu mama Ghati, akaanza darasa la kwanza mwaka 1969, na kila akitoka shule alichunga ng'ombe wa baba pamoja na huyo mdogo wake. Jioni moja ya Agosti 1971 mtamba mmoja alipotea, jua likawa linazama, Marwa, mwenye miaka saba, akaanza kulia na kutaka kukimbia ovyo porini, ndipo kaka yake akamkamata akamwambia aache ujinga, juu kuna nyota inaitwa Kimora, inaonyesha njia, ila haionekani na mtu mmoja, ni lazima wawe wawili waliobanana bega kwa bega. Wakabanana, Marwa akasema ameiona, wakatembea hivyo hivyo mpaka wakamkuta mtamba, wakafika nyumbani wakachapwa wote wawili, na tangu siku hiyo wakawa na nchi yao ya kubuni, Ubirisi, iliyoko chini ya nyota hiyo.

Ubirisi haipo, msije mkaitafuta kwenye ramani, lakini kwa mila inatushinda hata sisi Wakurya. Kule hakuna hakimu, waliogombana hupandishwa kilimani jioni na hawashuki mpaka waione Kimora, mjane hupewa jirani wa kusimama naye, bwana harusi asiyeiona pamoja na mchumba wake hurudishiwa ng'ombe wote bila kujadiliana, na mtu akifa, historia yake husomwa na yule aliyegombana naye, maana rafiki atasifia tu.

Marehemu alimaliza darasa la saba mwaka 1975, kidato cha nne mwaka 1979, akapata cheti cha ualimu mwaka 1981, na Januari 1982 akapangiwa Mbalibali, wilaya ya Serengeti, alikofundisha miaka kumi na sita. Mwaka 1991 alikuja mkaguzi akaliambia darasa la tano limtajie nyota moja, darasa zima likaitika Kimora, jamani, mkaguzi akaitafuta kwenye vitabu vyote asiione, akamtaka Mwalimu ajieleze kwa maandishi, naye akaeleza kurasa tisa, na wanasema jioni ile mkaguzi alionekana uwanjani amesimama na mwalimu mkuu, ambao hawakuwa wanapikika chungu kimoja, wote shingo juu. Mwaka 1998 alihamia hapa Kemambo, akastaafu tarehe 14 Machi 2021.

Tarehe 6 Desemba 1986 alifunga ndoa na shemeji yetu Winfrida, nesi kutoka Bukoba aliyepangiwa zahanati ya Mbalibali, ambaye jioni ya kwanza alipoonyeshwa Kimora alisema haoni kitu, jioni ya tatu akasema labda, Mungu akawajalia watoto watatu, Laurian, Rhoda na Goodness, na wajukuu watano.

Mwaka 2009, baba alipofariki, kulitokea ugomvi wa mpaka wa shamba, Marwa akidai kaka yake amesogeza mikonge usiku wa matanga, wazee wakaitwa, baraza la kata likakaa mara nne, na wahenga walisema wagombanapo ndugu shika jembe ukalime, majirani mkalima kweli, nawaona mmekaa hapo. Mwalimu alimwomba mdogo wake wapande kilimani jioni moja tu wasimame, Marwa akamjibu mbele za watu kwamba yeye si mtoto, nyota zake akawaonyeshe wanafunzi.

Novemba 2023 marehemu alianza kuugua figo, akatibiwa Tarime na baadaye Mwanza, na katikati ya Mei mwaka huu alimtuma Laurian kwa Marwa na mambo mawili, la kwanza kwamba yeye ndiye atakayemsomea historia, la pili ni swali, kama kweli siku ile ya mtamba aliiona. Marwa alijibu kwamba atakwenda Ijumaa, akishaogesha ng'ombe. Mwalimu alifariki Jumanne, tarehe 3 Juni 2025, saa kumi na moja jioni.

Familia inawashukuru madaktari na wauguzi, walimu wenzake wa Mbalibali na Kemambo, jumuiya ndogo ndogo, na majirani mliokesha na kuchota maji.

Karatasi inaishia hapo, haya mengine hayakuandikwa, nivumilieni. Mikonge niliisogeza mimi. Niliing'oa kwa mikono yangu nikaipanda hatua kumi na mbili ndani kwake, kisha nikawa wa kwanza kupiga kelele, na yeye alijua, vikao vyote vinne vya baraza alijua, hakuwahi kunitaja. Laurian, kesho asubuhi njoo na jembe, tutairudisha pamoja.

Na swali lako, kaka, Ijumaa imechelewa, nakujibu leo. Sikuiona. Nilifumba macho kwa woga tangu mwanzo mpaka mwisho, sikuangalia juu hata kidogo, nilifuata bega lako tu, na nilisema nimeiona kwa sababu sauti yako nayo ilikuwa inatetemeka.

Pumzika kwa amani, Simioni. Shemeji Winfrida, jioni ya leo, wakirudishwa ng'ombe, nitakuja kusimama na wewe, na safari hii nitafumbua macho.